Ukuta Unamlinda Nani?

Nataka kuzungumza juu ya ukuta ambao haupo. Ndugu msomaji, usihangaike kuutafuta katika atlasi. Uko Westeros, bara aliloliumba mwandishi wa Kimarekani George R. R. Martin katika mfululizo wa riwaya ulioanza mwaka 1996 na kitabu A Game of Thrones. Wengi wenu mmeuona kwenye televisheni kati ya mwaka 2011 na 2019 bila kufungua hata ukurasa mmoja, na mimi sitawalaumu, maana vitabu vyenyewe ni vinene kama tofali la kuchoma na Kiingereza chake kinakulazimisha kulala na kamusi kifuani.

Ukuta huo ni wa barafu. Urefu wake ni maili 300, yaani karibu kilomita 480. Chukua safari ya basi kutoka Dar es Salaam mpaka Dodoma, ongeza na kipande kingine, halafu fikiria kuwa njia nzima mkono wako wa kulia kuna barafu isiyokatika. Kimo chake ni futi 700, zaidi ya mita 200. Hiyo ni kama minazi kumi mirefu iliyobebana, wa juu amesimama mabegani kwa wa chini. Watu hupandishwa juu kwa kizimba kinachovutwa kwa kamba, au kwa ngazi za mbao zinazotingishika. Ukisimama juu, kusini unaona falme, mashamba na barabara ya mfalme. Kaskazini unaona msitu tu.

Mshikaji mmoja kijiweni aliposikia ninaandika makala juu ya kitu hiki aliniuliza, "Wewe nyumbani hata friji huna, barafu ya Wazungu ya nini?" Tulicheka sana. Ila swali lake si la kupuuza. Kwa nini mtu upoteze wino kwa jengo ambalo hakuna aliyeligusa?

Jibu langu ni kwamba hata Kusadikika hakuna aliyefika kwa basi. Shaaban Robert alituchorea nchi inayoelea angani, kitabu kikatoka mwaka 1951, na mpaka leo wanafunzi wanakisoma na kumtambua waziri wa mtaani kwao. Wajumbe wa Kusadikika walitumwa pande sita za dunia, wakarudi na habari za nchi nyingine zenye sheria nzuri, na tunzo waliyopewa ikawa jela. Huo nao ni ukuta, ingawa hauna hata tofali moja. Nchi ya kubuni humwezesha mwandishi kuondoa vumbi juu ya jambo na kuliacha likiwa uchi. Ndiyo maana nauchukua Ukuta wa Martin kwa uzito uleule ambao ningeuchukua ukuta wa saruji.

Tena haukutoka hewani. Martin mwenyewe ameeleza mara nyingi kwamba wazo lilimjia mwaka 1981 alipotembelea ukuta wa Hadrian kaskazini ya Uingereza. Jioni ilikuwa inaingia, akasimama pale akajaribu kujiona kama askari wa Kirumi aliyetupwa mwisho wa dunia, anatazama kaskazini asijue kitatokea nini msituni. Waroma walianza kuujenga ukuta ule mwaka 122, ukaenda karibu kilomita 117 kutoka bahari hii mpaka bahari ile. Martin akauongeza chumvi: mawe yakawa barafu, na kimo kikaenda juu mpaka shingo iume. Jambo moja ambalo vijana wenzangu huwa hawaliamini ni kwamba katika karne ya tatu kikosi cha Wamauri kutoka Afrika Kaskazini kiliwekwa kwenye ngome moja ya ukuta ule wa Uingereza. Mwafrika alisimama kwenye baridi ile, analinda mpaka wa dola ambayo nayo iliiteka nchi yake, dhidi ya watu ambao hawakuwahi kumkosea lolote. Sijui riwaya ngapi zimelala hapo zinangoja mtu wa kuziamsha.

Sasa turudi Westeros. Hadithi za huko zinasema Ukuta ulijengwa zaidi ya miaka 8,000 iliyopita, baada ya usiku mrefu uliodumu kizazi kizima, na aliyeujenga ni Brandon, babu wa ukoo wa Stark, kwa msaada wa majitu na uchawi uliofukiwa ndani ya barafu. Ulijengwa kuzuia viumbe wa baridi wanaowafufua maiti na kuwafanya jeshi. Hao ndio adui. Martin amewaita kwa neno ambalo kwa Kiswahili ni "wengine" tu. Televisheni ikatumia jina lingine, lakini mimi napenda lile la kitabu, kwa sababu linatega mtego. Msomaji anadhani ameshawajua "wengine" ni akina nani. Kumbe bado.

Maana miaka 8,000 ni mingi, bwana. Viumbe wale walipotea, watu wakasahau, na Ukuta ukabaki. Ukuta ukibaki bila adui, utatafutiwa adui. Walinzi wa Usiku, lile jeshi la wanaume waliovaa nguo nyeusi, waliacha kulinda dhidi ya maiti wakaanza kulinda dhidi ya majirani: watu waliokuwa wakiishi upande wa kaskazini siku barafu ilipopandishwa, na watoto wa watoto wao. Watu hawa wenyewe wanajiita Watu Huru. Watu wa kusini wanawaita kwa jina ambalo nimehangaika kulitafsiri, na kila nikizunguka narudi palepale: washenzi.

Neno hili tunalijua. Kwetu pwani kulikuwa na waungwana na kulikuwa na washenzi, na mstari kati yao haukuwa wa barafu, ulikuwa wa mavazi, dini, lugha na nyumba ya mawe. Mwungwana ndiye aliyekaa mjini, mshenzi alitoka bara. Na katika karne ya 19 mtu akishaitwa mshenzi, kumfunga mnyororo na kumpeleka sokoni lilikuwa jambo jepesi zaidi kwa dhamiri ya mnunuzi. Neno lilitangulia, mnyororo ukafuata. Leo tunalitumia kama tusi la kawaida, mtu akikukanyaga ndani ya daladala unamwambia mshenzi, basi, yameisha. Lakini Martin alinirudisha kwenye maana ya zamani. Wanajeshi wake wanawaua Watu Huru bila kupoteza usingizi, kwa sababu jina limeshafanya nusu ya kazi.

Ygritte, msichana wa kaskazini, anamweleza Jon Snow mambo haya bila shule yoyote. Kwake yeye ardhi iliumbwa wote waishiriki, kisha wafalme wakaja na mataji na panga wakasema miti ni yangu, mto ni wangu. Jon ni kijana aliyelelewa kusini, mtoto wa nje wa bwana mkubwa, na anajua kusoma. Lakini anakosa jibu. Ninapenda kwamba anakosa jibu. Mwandishi dhaifu angempa hotuba.

Kuna kisa kingine kidogo ambacho kwangu mimi kina uzito kuliko vita vyote vya vitabu vile. Mance Rayder, mfalme wa Watu Huru, zamani alikuwa Mlinzi wa Usiku. Siku moja alijeruhiwa vibaya na mnyama msituni, joho lake jeusi likachanika. Mwanamke wa kaskazini akamtibu na kulishona joho lile kwa hariri nyekundu, kitambaa ambacho bibi yake alikiokota kutoka kwenye chombo kilichovunjika baharini. Kilikuwa kitu cha thamani kubwa kuliko vyote alivyokuwa navyo, naye akampa mgeni, tena adui. Mance aliporudi ngomeni, mkuu wake akamwambia joho lile sasa ni la kuchomwa moto, akapewa jipya, jeusi tii. Asubuhi yake akaondoka, hakurudi tena.

Watu wengi wanasema alisaliti kiapo kwa sababu ya kitambaa. Kweli? Yule mama alikuwa amekaa naye, anachoma sindano na kuvuta uzi, na ushahidi wa utu wake ukawa mgongoni kwa Mance. Jeshi likamwambia auchome. Nani hapo aliyesaliti?

Tufike kwenye swali lenyewe. Walinzi wa Usiku wanakula kiapo kuwa hawataoa, hawatamiliki ardhi, hawatazaa, na watazilinda falme za wanadamu mpaka kufa. Wale viumbe wa baridi wanaporudi, Watu Huru kwa maelfu wanakimbilia kusini na kukuta Ukuta umewafungia nje pamoja na kifo. Jon Snow, ambaye sasa ndiye Bwana Kamanda, anauliza: hawa wanaolia langoni, je, si wanadamu? Kama ni wanadamu, kiapo chetu kinawahusu. Hoja fupi, na mimi sijaona bado aliyeijibu. Kiapo kilitaja wanadamu. Hakikusema wanadamu wa kusini. Waliosoma neno la pili ni watu waliokuja baadaye.

Lakini nisiwe mwepesi, maana kuna mtu anaitwa Bowen Marsh, na nimechoka kuona wasomaji wakimtukana.

Bowen Marsh ni mtunza stoo. Kazi yake ni kuhesabu magunia, mapipa ya nyama ya chumvi, maboga, jibini. Majira ya baridi ya Westeros yanaweza kukaa miaka, si miezi. Chakula cha Walinzi kimehesabiwa kwa midomo ya Walinzi, na Walinzi wenyewe hawafiki 1,000. Ukiwaingiza maelfu, hesabu inavunjika, na watakufa njaa wote kwa pamoja, wa kusini na wa kaskazini. Tena hawa wanaoingizwa si malaika. Wamevamia vijiji, wameiba wanawake, wamewaua ndugu zake. Mmoja wa wakuu wao ana tabia ya kuwang'oa macho walinzi anaowakamata, na Jon yuko tayari kumpokea hata huyo! Bowen anaona haya yote na anapiga hesabu tena usiku. Si mtu mkatili. Ni mtu anayejua kilichomo ndani ya gunia, na nyumba isiyo na mtu wa namna hiyo hailali imeshiba.

Hesabu yake ni sahihi. Taabu yangu ni juu ya vile alivyovihesabu. Alihesabu midomo, hakuhesabu mikono. Ukuta una ngome 19, na 16 kati ya hizo ni magofu yaliyojaa theluji kwa kukosa watu. Wanaume na wanawake wenye mikuki wamesimama nje wanaomba kuingia, na yeye anawaona ni matumbo tu. Kila mtu maskini anaijua hesabu ya namna hii, kwa sababu amewahi kuhesabiwa hivyo mahali.

Jon ana hoja ya pili, na hii ndiyo inayoniudhi kidogo ingawa ina akili. Anawaambia maofisa wake kwamba kila atakayekufa huko nje atafufuka na macho ya bluu na kuja kupigana nasi. Kumwacha nje ni kuongeza jeshi la adui. Kwa hiyo tuwaokoe kwa faida yetu. Hoja hii ni kali na inaweza kumshawishi hata mtu asiye na huruma. Hapo hasa ndipo ninapokwama. Tuseme maiti hawafufuki. Tuseme yule bibi kizee asiyeweza kushika mkuki, aliyebebwa mgongoni na mjukuu, akifa theluji inamfunika na hadithi imekwisha, hatamdhuru mtu. Je, tumwache?

Mimi nasema hapana. Hakuna mtu wa kusini aliyefanya kazi yoyote ili azaliwe kusini. Siku Brandon alipoweka tonge la kwanza la barafu, kuna mtoto alikuwa upande huu na mwingine upande ule, labda wa mama mkubwa na mama mdogo, na tangu siku ile mmoja akawa raia na mwingine akawa mshenzi. Damu yao ni moja, miungu yao ya zamani ni ileile, miti mitakatifu yenye nyuso ni ileile. Tofauti ni bahati. Na kitu nilichokipata kwa bahati siwezi kumpigia nacho kifua aliyekikosa.

Najua kuna atakayesema: basi kijana, kwa mantiki yako kila ukuta ni dhuluma na kila ghala liachwe wazi. La hasha. Hapa ndipo Mance Rayder anaposhangaza. Anadai anayo baragumu ya kale ambayo ikipulizwa Ukuta utaanguka. Jeshi lake liko chini ya barafu, na anakataa kupuliza. Mke wake anauliza, Ukuta ukianguka, ni nini kitakachowazuia wale wa baridi, na Mance anakubaliana naye. Hataki kuuvunja. Anataka kuwa nyuma yake. Aliyefungiwa nje ndiye anayeujua Ukuta unafaa kwa nini, kuliko wale waliokaa juu yake vizazi na vizazi. Ukuta wa kuzuia kifo ni halali. Ukipewa kazi ya kuwazuia wanaokikimbia kifo, umeibwa kutoka kwenye kazi yake, hata kama hakuna tofali lililohamishwa.

Dunia yetu ya kweli ina mifano mingi, na baadhi ilikuwa ya kinyume kabisa. Ukuta wa Berlin ulipojengwa mwaka 1961 waliuita kinga dhidi ya adui wa nje, kumbe bunduki zilikuwa zinawalenga wenyeji wasitoke, mpaka ulipofunguliwa mwaka 1989. Na hapa mijini kwetu tunapanga vipande vya chupa juu ya ukuta wa uani, halafu mtoto wa jirani mpira ukiingia ndani anatazama chupa zile na kurudi kwao. Mwizi yeye ana ngazi.

Haya, lango likafunguliwa. Jon akawapitisha. Wasomaji wengi hupiga makofi hapa, mimi nawaomba wasubiri. Sharti la kupita lilikuwa kwamba wapiganaji watoe wavulana 100 wawe mateka, na kwamba kila mtu avue vitu vyake vya thamani, bangili, pete, dhahabu na shaba, aviweke langoni vikanunulie chakula. Wanapita mmoja mmoja wanatupa vitu. Nikisoma sura ile naona foleni, na nadhani kila aliyewahi kusimama dirishani na fomu mkononi huku ofisa akimtazama viatu anaijua foleni ile. Na mateka maana yake ni moja. Baba akikosea, mtoto anakatwa kichwa. Jon, mtu mwema kuliko wote kaskazini, ameweka saini hiyo.

Je, alikuwa na njia nyingine? Maofisa wake wasingekubali bila mateka, na bila kukubali kwao lango lisingefunguka, na bila lango watoto wale 100 wangekuwa maiti wenye macho ya bluu. Naielewa hoja. Ila nadhani Martin anatuonyesha kuwa lango nalo linaweza kuwa katili kama ukuta, kwa namna ya adabu zaidi. Ukuta unakwambia hapana mara moja. Lango linakwambia ndiyo, kisha linaanza kukuhesabia.

Watu wa televisheni wao mwaka 2017 waliubomoa Ukuta kwa moto wa joka mfu, vipande vikaporomoka baharini, tukaachwa midomo wazi. Picha nzuri. Kwa upande wa fikra sikuvuna kitu pale, kwa kuwa joka halina hoja. Kitabu cha tano, kilichotoka mwaka 2011, kinaufikia mwisho wake bila hata tone la barafu kuanguka: ndugu wa Jon wenyewe wanamchoma visu uani, na mmoja wa wachomaji ni Bowen Marsh, machozi yanamtiririka mashavuni. Visababu vilikuwa vingi siku hiyo, barua ya vitisho kutoka Winterfell na mengineyo, lakini stoo ilikuwemo. Machozi yale ndiyo yaliyonifanya nimheshimu Martin. Angeweza kumpa Bowen kicheko.

Kuna jambo moja la ujenzi ambalo wengi hulipita. Ngome za Walinzi hazina boma upande wa kusini. Zimejengwa wazi makusudi, ili Walinzi wasiweze kujitenga na falme wanazozilinda wala kuingia katika ugomvi wao. Mbele barafu mita 200, nyuma hata ua wa miiba hakuna. Waliozijenga waliamini kwamba hatari haitatoka kwa mtu unayemlinda.

Wenzangu tunaoandika, katika kurasa zile zote hakuna sura hata moja inayosimuliwa na mmoja wa wale wavulana 100. Martin ametupa macho ya malkia, ya mlemavu, ya baharia aliyekuwa mwizi wa magendo, ila si ya mtoto wa rehani. Nimeanza kuiandika mwenyewe, kwa Kiswahili, kwenye daftari la mistari. Kijana wangu ana miaka tisa. Ameshatupa bangili ya mama yake langoni. Sasa yumo katika njia nyembamba inayopita chini ya Ukuta, giza, barafu inatoa mlio juu yake, milango ya chuma inafungwa nyuma, na mbele anaona mwanga mdogo na miguu ya watu asiowajua. Wiki ya tatu hii, bado hajatoka.